"Mimi" ya Nani? Vitabu Vinne vya Linda Lovelace na Somo la Tawasifu

Katika somo la tawasifu huwa tunawapa wanafunzi wetu fasili fupi iliyo rahisi kukumbuka: tawasifu ni habari za maisha ya mtu zilizoandikwa na mtu huyo huyo. Mfano unaotolewa mara nyingi ni Maisha Yangu ya Shaaban Robert. Wasifu, kwa upande mwingine, ni habari za maisha ya mtu zilizoandikwa na mwingine, na mfano wake ni Wasifu wa Siti Binti Saad wa mwandishi huyo huyo. Mwanafunzi hunakili, hukariri, hujibu mtihani, na mambo yakaishia hapo. Fasili hiyo inatosha pale ambapo mwenye kalamu na mwenye maisha wanajulikana bila utata. Je, tufanyeje tunapokutana na mtu mmoja aliyetia jina lake kwenye vitabu vinne vya "mimi", na viwili vya mwisho vikakana viwili vya mwanzo?

Mtu huyo ni Linda Lovelace, mwigizaji wa Kimarekani aliyepata umaarufu mwaka 1972 kwa filamu ya ngono iliyoitwa Deep Throat. Tunajua baadhi ya wasomaji wetu watashtuka kulikuta jina hilo katika jarida la idara ya Kiswahili. Hata hivyo, wahenga walisema mficha uchi hazai. Hatukusudii kusimulia yaliyomo katika filamu ile, na wala haihitajiki kuitazama ili kuifuata hoja yetu. Tunachokusudia ni kuchunguza sauti: jinsi nafsi ya kwanza inavyoweza kumilikiwa na mtu mwingine, na jinsi mhakiki anavyopaswa kuisoma sauti ya namna hiyo bila kuiamini kibubusa na bila kuitupa.

Jina lake la kuzaliwa lilikuwa Linda Susan Boreman. Alizaliwa tarehe 10 Januari 1949 katika Bronx, jijini New York. Baba yake alikuwa askari polisi. Alisoma katika shule za Kikatoliki, ambako wenzake walimtania kwa utakatifu wake kwa sababu alijitenga na wavulana. Familia ilihamia jimbo la Florida alipokuwa msichana wa miaka 16. Baadaye alijifungua mtoto ambaye alilelewa na watu wengine, na akapata ajali mbaya ya gari iliyomrudisha nyumbani kwa wazazi kujiuguza. Ni katika kipindi hicho cha udhaifu alipokutana na Chuck Traynor, mwanamume aliyekuja kuwa mume wake na msimamizi wa shughuli zake. Kabla ya filamu iliyompa jina, alikuwa amekwisha kuonekana katika filamu fupi za ngono zilizouzwa kwa siri.

Deep Throat iliongozwa na Gerard Damiano, ikapigwa Florida, na kuanza kuonyeshwa New York tarehe 12 Juni 1972. Fedha zake zilitoka kwa familia ya Peraino, iliyokuwa na uhusiano na genge la kihalifu la Colombo. Filamu za aina hiyo zilikuwa zikitazamwa na wanaume waliojificha chini ya kofia zao. Hii ilitazamwa na wake kwa waume, watu wa tabaka la kati, wasanii na waandishi wa habari. Mwezi Januari 1973 gazeti la New York Times lilichapisha makala ndefu kuhusu mtindo huo mpya wa watu waheshimiwa kwenda kutazama ponografia hadharani. Mwaka huo huo hakimu mmoja wa New York aliamua kwamba filamu ile ni chafu mbele ya sheria, na uamuzi huo ukazidi kuitangaza. Makadirio ya mapato yake yanatofautiana sana, lakini hakuna anayebisha kwamba yalikuwa mamilioni ya dola. Linda mwenyewe alisema kwamba ujira wake ulikuwa dola 1,250, na kwamba fedha hizo zilichukuliwa na mumewe.

Hapa ndipo vitabu vinapoingia. Kufikia mwaka 1974 vilikuwa vimetoka viwili kwa jina lake: Inside Linda Lovelace na The Intimate Diary of Linda Lovelace. Vyote viwili vinazungumza kwa nafsi ya kwanza. "Mimi" wa vitabu hivyo ni mwanamke mchangamfu asiye na haya, anayependa kila alichokifanya na anayemshukuru kila aliyemfundisha. Kwa ufupi, ni yule yule mhusika wa filamu, ila sasa amepewa kalamu. Msema pweke hashindwi, na msomaji wa wakati ule hakuwa na sauti nyingine ya kulinganisha.

Kitabu cha kwanza kilikuwa na safari ya ajabu. Mwaka 1976 kilifikishwa mbele ya mahakama ya Old Bailey mjini London kwa shtaka la uchafu, na baraza la wazee wa mahakama likakiachia. Kushindwa kwa kesi hiyo kuliwafanya wengi nchini Uingereza waone kwamba ni vigumu kulitia hatiani neno lililoandikwa. Mwaka 1977 serikali iliunda kamati chini ya mwanafalsafa Bernard Williams kuchunguza sheria hizo, na ripoti yake ya mwaka 1979 ilipendekeza maandishi matupu yasipigwe marufuku. Wengi wetu tunaofundisha fasihi tungefurahia hatua hiyo, hasa tukikumbuka kwamba Rosa Mistika ya Euphrase Kezilahabi nayo ilizuiwa kwa muda katika shule za Tanzania kwa sababu ya kuzungumzia ngono waziwazi. Lakini tazama kejeli iliyopo. Kitabu kilichotetewa kwa jina la uhuru wa kusema kilikuja kukanwa na yule aliyedaiwa kukisema.

Mwaka 1980 kilitoka kitabu cha tatu, Ordeal, yaani Mateso. Linda alikuwa ameachana na Traynor, ameolewa upya na kuitwa Linda Marchiano, na ni mama wa watoto. Katika kitabu hicho alieleza kwamba Traynor alimpiga, alimtishia kwa bunduki, alimfungia, alimuuza kwa wanaume na kumlazimisha mbele ya kamera. Alisema vitabu vya awali havikuwa sauti yake. Alifikia kusema kwamba anayeitazama filamu ile anamtazama mwanamke akibakwa. Mwaka 1986 kikafuata cha nne, Out of Bondage, yaani Kutoka Utumwani, kilichoeleza maisha baada ya kutoroka.

Kabla ya Ordeal kuchapishwa, mwandishi alitakiwa akae mbele ya mashine ya kupima uongo, naye akakubali. Tunaomba msomaji asipite hapa haraka. Kwa vitabu viwili vya kwanza, ambamo mwanamke alisema anafurahia, hatusikii kwamba mashine iliitishwa. Kwa kitabu alichosema aliumizwa, iliitishwa. Shaaban Robert hakuulizwa kama kweli aliyapitia aliyoyasimulia. Furaha ya mwanamke ilikubaliwa kwa mkopo, na maumivu yake yakadaiwa dhamana.

Hata hivyo, uhakiki wa haki hauwezi kuishia hapo. Ordeal nacho hakikuandikwa na mkono mmoja. Jina la mwanahabari Mike McGrady limo kwenye jalada. McGrady huyu ndiye aliyekuwa kinara wa mzaha mkubwa wa mwaka 1969, pale waandishi wa gazeti la Newsday walipotunga kwa pamoja riwaya mbaya ya makusudi iliyojaa ngono, Naked Came the Stranger, wakaichapisha kwa jina la mama wa nyumbani asiyekuwapo, Penelope Ashe, ili kuthibitisha kwamba umma ungenunua chochote. Na ulinunua. Kwa hiyo mtu aliyemsaidia Linda kutoa ushuhuda wake alikuwa amekwisha kujulikana kwa kumtengeneza mwandishi mwanamke kwa karatasi na wino. Hatusemi kwamba alimtengeneza na huyu pia. Tunasema kwamba "mimi" wa kitabu cha tatu naye alipitia mikononi mwa mtu, na mhakiki hana budi kulitaja jambo hilo hata kama linaidhoofisha hoja anayoipenda.

Aidha, wapo waliomtilia shaka. Traynor alikana kumlazimisha. Baadhi ya watu waliokuwapo, akiwamo Damiano, walisema kwamba Linda alikuwa akipigwa nyuma ya mlango uliofungwa, lakini papo hapo wakaonyesha mashaka juu ya ukweli wa maelezo yake kwa jumla. Wakosoaji wengine waliyapanga maneno yake ya miaka tofauti, wakaonyesha yanavyopingana, na kuhitimisha kwamba mtu huyu alikuwa akiimba wimbo wa yeyote aliye karibu naye. Njia ya mwongo ni fupi, walisema kwa namna yao.

Sisi tunaona methali inayofaa zaidi ni ile ya mwamba ngoma, ambaye ngozi huivuta kwake. Linda alikuwa ngozi, na waambaji walikuwa wengi. Wenye filamu walimvuta kwao: awe ushahidi kwamba mwanamke wa kisasa hana aibu. Watetezi wa uhuru wa maandishi walimvuta kwao. Kisha wakaja wapinzani wa ponografia. Gloria Steinem aliandika juu yake katika jarida la Ms. mwaka 1980. Mwaka 1983 alitoa ushahidi mjini Minneapolis wakati Catharine MacKinnon na Andrea Dworkin walipopendekeza sheria ndogo ya kuwawezesha walioumizwa na ponografia kudai fidia. Mwaka 1986 alitoa ushahidi mbele ya tume ya Mwanasheria Mkuu Edwin Meese, iliyoundwa na serikali ya kihafidhina ambayo haikuwa rafiki wa wanaharakati wa wanawake katika mambo mengine mengi. Katika miaka yake ya mwisho alilalamika kwamba hata wanaharakati hao walimtumia, wakapata majina na yeye akabaki na dhiki. Mwaka 2001 alikubali tena kupigwa picha kwa ajili ya jarida la wanaume. Tarehe 22 Aprili 2002 alifariki mjini Denver kutokana na ajali ya gari, akiwa na umri wa miaka 53.

Sheria ile ya Minneapolis ilipitishwa na baraza la jiji lakini ikakataliwa na meya. Ya Indianapolis, iliyofanana nayo, ilibatilishwa na mahakama ya rufaa ya shirikisho mwaka 1985, kwa hoja ya uhuru wa kusema, na Mahakama Kuu ya Marekani ikaukubali uamuzi huo mwaka 1986. Kisheria, basi, haikuacha kitu. Lakini ndani yake mlikuwa na sehemu ambayo kwetu sisi wanafasihi ni kanuni ya usomaji. Ilisema kwamba kutia saini mkataba, kuonekana kushiriki bila kupinga, au kupokea malipo, pekee hakuondoi uwezekano kwamba mtu alilazimishwa. Kwa lugha ya darasani: tabasamu ndani ya matini si ushahidi wa hali nje ya matini. Mtu anaweza kuikataa sheria hiyo kwa kuhofia udhibiti wa maandishi, na sisi wenyewe tuna hofu hiyo, na bado akakiri kwamba kanuni hiyo ya usomaji ni sahihi.

Je, tunaachwa na nini? Je, tuseme kila "mimi" ni bandia, hivyo hakuna kinachoweza kujulikana? Tunakataa. Yapo maswali mawili ambayo mhakiki anaweza kuyauliza. La kwanza: ni nani aliyehitaji sauti hii iseme hivi? La pili: je, limo jambo lolote katika matini ambalo halimfaidishi yeyote kati ya hao?

Tukiviuliza vitabu viwili vya mwanzo swali la pili, havina jibu. Kila sentensi inauza tiketi. Katika Ordeal, kinyume chake, kuna mahali ambapo Linda anasimulia siku ya kwanza ya kupiga filamu. Anasema kwamba watu waliokuwa wakifanya kazi pale walimtendea vyema, kwamba kwa mara ya kwanza baada ya muda mrefu alijikuta akicheka na wenzake, na kwamba usiku wake mumewe alimpiga huku hao waliokuwa wakicheka naye wakiwa karibu. Sehemu hii haimfai mwenye filamu, kwa sababu inataja kipigo na ukimya wa waliosikia. Haimfai pia mpinzani wa ponografia, ambaye angependelea kazi yenyewe iwe jehanamu tangu asubuhi. Hapa kazi ndiyo iliyokuwa nafuu na nyumba ndiyo iliyokuwa jela. Haimfai hata msimulizi, kwa maana inampa adui yake neno: "kumbe ulicheka!" Ikiwa kuna mahali ambapo tunasikia sauti isiyovutwa na mwamba ngoma yeyote, ni hapo. Kwa maoni yetu, ukurasa kama huo una uzito kuliko matokeo ya mashine.

Urithi wake katika utamaduni umekwenda kinyume na matakwa yake. Siku tano baada ya filamu kuanza kuonyeshwa, wezi walikamatwa katika jengo la Watergate, na mhariri mmoja wa Washington Post akampa mtoa habari wa siri wa gazeti lile jina la filamu hiyo. Jina likaingia katika historia ya siasa ya Marekani. Mtoa habari, Mark Felt wa FBI, alijitambulisha mwaka 2005, akiwa mzee, na wengi wakamtaja kwa heshima. Linda alikuwa amefariki miaka mitatu kabla. Mwanamume alilivua jina lile alipotaka. Mwanamke alizikwa nalo.

Hata jina la Lovelace si lake. Alipewa na Damiano. Wasomaji wa riwaya za Kiingereza watakumbuka kwamba katika Clarissa ya Samuel Richardson, iliyotoka mwaka 1747 na 1748, Lovelace ni mwanamume anayemlaghai binti, anamnywesha dawa na kumbaka. Hatudai kwamba mwongozaji alilikusudia hilo. Ila inashangaza kwamba mwanamke huyu aliuzwa duniani kwa jina la mbakaji, na kwamba katika riwaya ile pia sauti ya binti, barua kwa barua, iliandikwa na mwanamume.

Filamu ya mwaka 2013 iliyoitwa Lovelace, iliyoongozwa na Rob Epstein na Jeffrey Friedman, ilijaribu kulitatua tatizo la sauti kwa muundo. Inasimulia miaka ile mara mbili: kwanza kama sherehe, kisha inarudi nyuma na kuonyesha vipigo vilivyokuwa vimefichwa kati ya tukio na tukio. Ni mbinu nzuri, na mwalimu wa usimulizi anaweza kuitumia kufafanua mbinu rejeshi. Udhaifu wake ni kwamba inafikia kilele kwenye kitabu cha mwaka 1980 na mapatano na wazazi, kana kwamba kusema ukweli mara moja kunamaliza deni. Miaka 22 iliyobaki, yenye maradhi, ufukara na manung'uniko dhidi ya marafiki wapya, haikupata nafasi ya kutosha. Mwathirika anayelalamikia waliomwokoa hapendezi kwenye skrini.

Kwa nini tunayaandika haya hapa Uganda, na kwa Kiswahili? Kwanza, neno lenyewe. Ponografia limetoka katika Kigiriki, na asili yake ni maandishi juu ya makahaba: mmoja anaandikwa, mwingine anaandika. Pili, nchi yetu ilipitisha Sheria ya Kupinga Ponografia, iliyotiwa saini mwaka 2014. Mwezi Agosti 2021 Mahakama ya Katiba ilibatilisha vifungu vyake kadhaa, kikiwamo kile cha fasili, kwa kuwa fasili hiyo ilikuwa pana mno na haikuwa na mipaka inayoeleweka. Kosa la fasili, basi, linaweza kuwafikisha watu mahakamani. Katika mijadala ya miaka ile yote, kilichozungumzwa zaidi ni urefu wa sketi za wanawake. Aliyeshika kamera alizungumzwa kwa nadra.

Tatu, na hili ndilo lililotusukuma: picha za faragha za mabinti husambazwa na waliokuwa wapenzi wao, na swali la kwanza linaloulizwa, hata miongoni mwa wanafunzi wetu wanaojua vyema kuhakiki riwaya, ni "kwa nini alikubali kupigwa?" Likifuatiwa na "mbona anatabasamu?" Wanasoma tabasamu kama Marekani ilivyosoma tabasamu la mwaka 1972. Darasani tunawafundisha kwamba msimulizi si lazima awe mwandishi na kwamba kinachosemwa hakitengani na muktadha wa kusemwa kwake. Wakitoka nje ya mlango wanayaacha hayo dawatini. Kama uhakiki hauwezi kuvuka kizingiti cha darasa, tunaufundisha kwa ajili ya nini?

Tunapendekeza basi kwamba fasili ya tawasifu katika mihadhara yetu iongezewe swali moja. Baada ya kusema kwamba ni habari za maisha ya mtu zilizoandikwa na mtu huyo huyo, mwanafunzi aulize: ni nani mwingine aliyekuwa chumbani kalamu iliposhikwa? Wapo wanaokiri jambo hilo waziwazi. Sarah Mirza na Margaret Strobel, katika kitabu chao cha maisha ya wanawake watatu wa Mombasa kilichotoka kwa Kiingereza mwaka 1989 na baadaye kwa Kiswahili, hawakuficha kwamba wao ndio waliouliza na wazee wale ndio waliojibu. Uaminifu wa namna hiyo haupunguzi thamani ya sauti. Unamsaidia msomaji kujua amsikilizeje msemaji.

Linda Boreman hakuwahi kupata chumba cha peke yake cha kusemea. Alichopata ni kurasa chache zilizowaponyoka waliokuwa wakimwandika. Kazi ya mhakiki ni kuzitafuta kurasa hizo, na akizipata, azisome taratibu.